Mzungu wa kamera aliyeifanya Gombe ionekane

Ukimwambia mtu wa Dar kwamba unatoka Kigoma atakuuliza habari za migebuka, mawese au sokwe. Sisi wa Gwarama, huku juu Buha, ziwa liko mbali nasi, na sokwe wengi wetu tumewaona kwenye picha tu. Picha zenyewe, wadau, zilianza na mtu ambaye jina lake halitajwi sana: Hugo van Lawick.

Hugo alikuwa Mholanzi, mzaliwa wa Surabaya, Indonesia, mwaka 1937. Alikuja Afrika Mashariki akafanya kazi kwa Armand na Michaela Denis, waliokuwa wakitengeneza vipindi vya televisheni vya wanyama kutokea Kenya. Mwaka 1962 Louis Leakey akampendekeza kwa National Geographic, akatumwa Gombe kumpiga picha Jane Goodall.

Jane alikuwa huko tangu Julai 1960. Alishamwona sokwe aliyempa jina David Greybeard akichomeka kijiti kwenye kichuguu na kuvua mchwa. Lakini nani atamwamini binti asiye na hata digrii ya kwanza? Maneno yake yalihitaji ushahidi wa macho, na kamera ya Hugo ikauleta.

Hebu fikiria kazi yenyewe. Kamera ya filamu ya milimita 16 na stendi yake, milima iliyosimama wima kutoka ufukweni, wanyama weusi ndani ya msitu wenye giza, tena wanaokimbia wakikuona! Ili wasogee, wakawa wanawekewa ndizi kambini. Baadaye ndizi hizo zililaumiwa, kwamba ziliwafanya sokwe wagombane kupita kawaida, na ugawaji ukapunguzwa. Nadhani yeyote anayetazama filamu zile inabidi akumbuke hilo: baadhi ya yale unayoyaona yaliletwa na mkungu wa ndizi.

Hugo na Jane walioana mwaka 1964, filamu yao ya kwanza ikaonyeshwa Marekani mwaka 1965, na Gombe ikawa hifadhi ya taifa mwaka 1968. Waliachana mwaka 1974. Hugo alikuwa ameshaipenda Serengeti. Aliishi kwenye mahema Ndutu zaidi ya miaka 30, akirekodi simba, fisi, mbwa mwitu na yule chui wa filamu ya The Leopard Son (1996). Alifia Dar es Salaam tarehe 2 Juni 2002, akazikwa Serengeti.

Halafu likaja jambo la ajabu. Zaidi ya saa 100 za filamu zake za Gombe, zilizodhaniwa zimepotea, zilikutwa kwenye ghala la National Geographic. Brett Morgen akazitumia kutengeneza Jane, iliyotoka mwaka 2017. Ni nzuri mno, sibishi. Ila mimi nilikuwa nawatafuta watu wetu, na wanaonekana kwa nadra. Mpishi Dominic na Hassan wa boti, Jane mwenyewe amewataja kitabuni. Kwenye picha ni msitu, sokwe na dada wa Kizungu mwenye kaptura, kana kwamba Kigoma haikuwa na watu.

Na walikuwepo! Mei 1975 waasi wa Kabila walipovuka ziwa kutoka Zaire na kuwateka wanafunzi wanne wa kigeni, watafiti wa nje waliondoka. Watanzania waliokuwa wasaidizi ndio walioendelea kuwafuata sokwe na kuandika kumbukumbu za kila siku. Bila wao utafiti ule ungekatika.

Huku juu kamera zilichelewa zaidi. Wazee wetu walikwenda umanamba kwenye mashamba ya mkonge bila wa kuwapiga picha. Wanahabari wa nje walianza kupanda kwa wingi hadi Kibondo na Kasulu miaka ya 1990, nao walifuata wakimbizi wa Burundi na Kongo.

Kama babu yako alibeba stendi ya Hugo kupanda milima ile ya Gombe, niandikie jina lake hapa chini. Picha yake kama ipo, ndiyo bora zaidi.