Joseph Beuys: msanii aliyepanda miti 7,000

Tukisikia neno msanii, wengi wetu hufikiria mchoraji au mchonga vinyago. Joseph Beuys wa Ujerumani (1921–1986) alifanya sanaa kwa maigizo yake mwenyewe, kwa vitu kama mafuta ya wanyama na sufu, na kwa kufundisha. Aliamini kila mtu ni msanii. Mwaka 1972 alifukuzwa kazi katika chuo cha sanaa cha Düsseldorf kwa kuwapokea wanafunzi waliokataliwa na chuo.

Mwaka 1982, katika mji wa Kassel, alirundika mawe 7,000. Kila mti ulipopandwa, jiwe moja lilitolewa kwenye rundo na kusimikwa kando yake. Hivyo kila mpita njia aliona kazi iliyobaki. Beuys alifariki kabla rundo halijaisha. Mwanawe alipanda mti wa mwisho mwaka 1987.