Geji: Namba Ikinenepa, Bati Hukonda

Baba mkubwa aliishi akiamini kwamba namba kubwa huizidi ndogo. Gunia la kilo 100 hulizidi la kilo 50, noti ya 10,000 huizidi ya 5,000, mjadala umekwisha. Kwa hiyo siku tuliposimama Omurushaka, kwetu Karagwe mkoani Kagera, mbele ya duka la vifaa vya ujenzi, muuzaji akamwambia kuna bati la geji 28 na la geji 30, tena la 30 ndilo la bei nafuu, mzee aliona kama ameokota. "Nipe hilo la thelathini," akasema. "Mimi siezeki banda la kuku." Muuzaji hakusema kitu. Mimi nilikuwa nimeinama nachagua misumari, na nilipoinuka hesabu ilikuwa imeshafungwa.

Fundi ndiye aliyemfungua macho, tena akiwa juu ya paa, baada ya goti lake kuacha bonde kwenye bati la tatu. "Mzee, haya ni mepesi. Ungechukua ishirini na nane." Baba mkubwa alidhani anataniwa.

Neno ndilo lililomponza. Tumelipokea geji kutoka kwa Waingereza pamoja na mzigo wenyewe, tukalipachika irabu mwishoni likatamkika, tukaliweka kwenye ngeli ya N, geji hii, geji hizi, na hatukuuliza limetoka wapi. Kwao huandikwa "gauge", nao walilitoa kwenye Kifaransa cha zama za kati, lugha ambayo hadi leo ina "jauge" yake. Tangu zamani lilihusu kupima, lakini kila fundi aliyelishika alilivuta kwake. Leo Mwingereza mmoja atalitumia kwa unene wa bati, mwingine kwa upana wa reli, wa tatu kwa chombo cha kupimia mvua, wa nne kwa mshale wa mafuta kwenye gari. Anayetafsiri kwa Kiswahili akidhani atapata neno moja la kuwatosha wote atahangaika bure.

Tuanze na bati, maana ndilo lililotuuma.

Namba za geji zilizaliwa kwenye waya. Waya hutengenezwa kwa kuivuta fimbo ya chuma kupitia tundu lililo kwenye bamba gumu. Ikitoka hapo huingizwa kwenye tundu la pili, dogo zaidi, kisha la tatu, na kila inapovutwa inarefuka na kukonda. Mafundi wa zamani wakawa wanauita waya kwa hesabu ya matundu uliyopitia. Waya namba 8 umepita machache, bado una mwili. Waya namba 30 umevutwa na kuvutwa mpaka umebaki uzi. Namba hiyo ilihesabu safari, na kila safari ilimpunguza msafiri. Baadaye wenye viwanda vya mabamba wakaazima namba hizohizo, ingawa bamba halipiti tunduni hata siku moja. Hupitishwa kati ya magurudumu mawili mazito na kubanwa. Desturi ikabaki, sababu ikasahaulika. Ndiyo maana baba mkubwa, aliyefikiri kwa akili timamu kabisa, alikosea.

Kulikuwa na tatizo jingine. Kila mji wa mafundi ulikuwa na matundu yake. Serikali ya Uingereza iliingilia kati kwa jedwali moja la kisheria lililoanza kutumika mwaka 1884. Katika jedwali hilo geji 28 ni milimita 0.376, geji 30 ni 0.315 na geji 32 ni 0.274. Toa la pili kutoka la kwanza: tofauti ya 28 na 30 ni kama unene wa unywele mmoja. Usiudharau unywele huo, kwa sababu ni karibu sehemu moja ya sita ya bati zima, nao ndio uliobonyea chini ya goti la fundi. Wamarekani kwa upande wao wana majedwali yao, na la mabati yaliyopakwa zinki haliafikiani na la Waingereza. Kwa hiyo kusema "geji 30" bila kutaja jedwali ni sawa na kumwahidi mtu kwamba utafika saa tatu, ukamwachia yeye abahatishe kama ni ya asubuhi au ya usiku.

Hata neno bati lina vituko vyake, na Kagera ndiko kwa kuvielezea. Bati hasa ni jina la madini, ile metali laini nyeupe inayotumika kuungia vifaa vya umeme. Madini hayo yapo Kyerwa. Watu huyachimba vilimani na kuyauza kwa kilo. Ukitoka Omurushaka kwa barabara ya Murongo unaingia wilaya hiyo, iliyomegwa kutoka Karagwe mwaka 2012. Basi fikiria gari linalopanda na mabati ya kuezekea, likapishana na linaloshuka na mawe ya bati. Majina yanafanana, mizigo haina undugu. Bati la kuezekea ni chuma kilichopakwa zinki, au mchanganyiko wa zinki na alumini, kisishikwe na kutu. Hakuna chembe ya madini ya Kyerwa juu ya nyumba ya baba mkubwa. Hata hivyo hakuna aliyewahi kudhulumiwa kwa sababu hiyo, kwa hiyo sina ugomvi na neno bati.

Ugomvi wangu uko kwenye namba, na mafundi umeme wamenionyesha kwamba unaweza kwisha. Ingia duka hilohilo uombe waya wa nyumba. Hakuna atakayekutajia geji. Utaulizwa: wa moja na nusu au wa mbili na nusu? Hizo ni milimita za mraba, eneo la mkato wa shaba. Wa 1.5 ni wa taa, wa 2.5 ni wa soketi, na namba ikipanda waya unanenepa kama Mungu alivyokusudia. Kijana ambaye hajamaliza darasa la saba huelewa mara moja.

Hospitali wamepita njia nyingine. Sindano na kanula za dripu nazo hupimwa kwa geji, na mkasa ni uleule: 24 ni nyembamba ya mtoto, 18 ni nene ya kupitisha damu haraka. Sasa hebu fikiria muuguzi wa zamu ya usiku, mgonjwa anavuja damu, halafu aanze kukumbuka kwamba kubwa ni ndogo na ndogo ni kubwa. Watengenezaji wakaweka rangi. Kijani ni 18, waridi 20, bluu 22, njano 24. Wodini utasikia "niletee ya kijani", na namba imebaki kwenye kasha. Ukiniuliza istilahi bora ya Kiswahili kwa geji ya kanula, nitakujibu: rangi. Nasema kwa dhati.

Wenye bunduki za marisau nao wana yao. Geji 12 maana yake ukisubu risasi za duara 12 zinazolingana na tundu la mtutu, zote kwa pamoja zitatimiza ratili moja. Mtutu ukiwa mwembamba zaidi, vidonge vinakuwa vidogo, vinahitajika vingi zaidi kufikia ratili, namba inapanda. Kinyumenyume tena, ila kwa sababu tofauti kabisa.

Kwenye reli Kiswahili kimefanya jambo la ajabu. Geji hapo ni nafasi iliyo kati ya vyuma viwili vya reli vinavyobeba magurudumu, ikipimwa ndani kwa ndani. Sisi wa Karagwe hatuna reli. Wa karibu nasi huteremka Bukoba, wakavuka ziwa hadi Mwanza ndipo wakaiona. Reli hiyo ya zamani ina upana wa mita moja kamili. TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia iliyokabidhiwa mwaka 1976, ina milimita 1,067. Zinapokutana Kidatu, behewa la huku haliwezi kuingia kule, na mzigo hupakuliwa na kupakiwa upya kwa sababu ya sentimita zisizofika saba. Halafu kuna hii mpya, iliyoanza kubeba abiria kati ya Dar es Salaam na Morogoro Juni 2024 na kufika Dodoma mwezi uliofuata. Upana wake ni milimita 1,435, nasi tunaiita reli ya kisasa, kama Wakenya walivyoiita yao ya mwaka 2017.

Kisasa! Jina hilo limekiacha kipimo chote nje. Milimita 1,435 ndio upana ambao George Stephenson aliutoa kwenye magari ya migodi ya makaa ya mawe, na Bunge la Uingereza likaupitisha kuwa sheria mwaka 1846, kabla ya reli yoyote kuwekwa Tanga au Mombasa. Kwa umri, upana huo ni babu wa reli yetu ya mita moja. Kilicho cha kisasa ni umeme, mwendo na mabehewa. Mwandishi wa habari anayeandika tafsiri ya "standard gauge" angeweza kusema tu upana sanifu wa reli, na msomaji angejua kinachozungumzwa. Lakini nakiri pia kwamba abiria hapandi milimita, na jina la serikali likishakaa midomoni mwa watu halibanduki kwa makala.

Mvua ina neno lake zuri, kipimamvua, lililojengwa kama kipimajoto: kitenzi na kinachopimwa, basi. Ni chombo cha silinda chenye faneli kinachokaa uwanjani, mbali na miti na kuta, na vituo vya hali ya hewa hukisoma saa tatu asubuhi. Kina siri moja inayomhusu kila mwenye paa. Milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ni lita moja ya maji, kamili. Nyumba ya baba mkubwa imefunika mita za mraba kama 60 ardhini. Ikinyesha milimita 20 usiku wa masika, zinashuka lita 1,200, ukipunguza zinazorukia nje ya mfereji. Milimita hizo hazijali kama bati ni la geji 28 au 30. Labda ndiyo sababu mzee hakulilaani sana lile paa.

Kwa nini basi tusitumie kipimo kwa yote? Kwa sababu neno hilo limeshachoka. Kipimo ni rula, ni urefu uliopatikana, ni kiasi cha dawa, ni majibu ya maabara. Mtu akisema "nimekwenda kuchukua vipimo" anaweza kuwa ametoka kwa fundi cherehani au ametoka zahanati, na uso wake ndio utakaokuambia. Kulitwisha na mabati juu ya hayo ni kulionea.

Kitenzi chenyewe, kupima, nacho kina historia Karagwe. Msafiri Mwingereza John Hanning Speke alipofika kwa mfalme Rumanyika Novemba 1861, alikuta wanawake wa ikulu walionenepeshwa kwa maziwa, unene ukiwa heshima na dalili ya ng'ombe wengi. Akatoa utepe, akampima shemeji wa mfalme, akaandika kitabuni mwake kwamba mzingo wa mkono ulikuwa futi moja na inchi 11. Namba alizipata sawasawa. Nani aliyemruhusu kuzitangaza duniani ni swali ambalo utepe haukulijibu.

Madereva na mafundi pikipiki wamelipokea geji kwa namna inayoniridhisha zaidi: kwao ni chombo chenye uso na mshale. Geji ya mafuta, geji ya joto, geji ya upepo. Kwa Kiswahili cha kawaida, kupima upepo ni kazi ya mwanasiasa anayetaka kujua watu wameegemea wapi kabla hajafungua mdomo. Pale njia panda ni kazi ya kijana mwenye kompresa, na anaifanya kwa shilingi chache. Anabandika geji kwenye valvu, mshale unapanda, unatulia kwenye 30. Tairi likitoboka mshale unarudi sifuri, wakati ndani mwake bado mna hewa, yenye kanieneo sawa na ya nje. Geji ya upepo husoma kilichozidi tu. Na hewa ya nje yenyewe si moja kila mahali: huku juu kwenye mita 1,500 hivi kanieneo yake imepungua kwa karibu sehemu moja ya sita kuliko ya pwani.

Kwa hiyo mimi ningeiachia geji kazi hiyo, ya chombo chenye mshale. Reli ipewe upana, mvua ikae na kipimamvua chake, na bati lipewe unene kwa milimita, ulioandikwa waziwazi mahali mnunuzi anapouona kabla ya kutoa hela. Wauzaji watanung'unika kwamba wateja wamezoea namba za zamani. Wateja walizoea na yadi za kitambaa, wakajifunza mita.

Mwaka jana baba mkubwa aliezeka jiko. Tulirudi Omurushaka, duka jingine. Hakuuliza geji. Alibana ukingo wa bati kwa kidole gumba na cha shahada, akalitikisa, akatega sikio kusikia mlio wake.

"Hili ni milimita ngapi, kijana wangu?"

"Geji thelathini hilo, mzee."

"Nimekuuliza milimita."

Ilibidi kijana aligeuze bati, atafute chapa, apanguse vumbi kwa kiganja. Geji 30, na pembeni yake, kwa maandishi madogo, 0.25.