Nyungu ya Mawe na Njia ya Mgunda Mkali

Jioni hii twataka kuzungumza nanyi habari za mtu mmoja aliyeitikisa nchi ya Ukimbu zaidi ya miaka mia moja na arobaini iliyopita, na habari za wale waliokuja baada yake. Baadhi yenu hulima na kurina asali katika nchi ile ile aliyoitawala, nanyi labda mmepata kulisikia jina lake kwa wazee. Wengine hamkupata kulisikia hata mara moja. Wote twawakaribisha.

Sababu ya kuchagua habari hii ni mabishano. Sisi tufundishao walimu wa kesho tuliwauliza wanafunzi wetu siku moja, "Nyungu ya Mawe alikuwa mtu wa namna gani?" Kijana mmoja wa upande wa Itigi akasimama akasema kwamba alikuwa shujaa aliyewafanya Wakimbu kuwa dola moja. Mwenziwe, ambaye naye ni Mkimbu, akamjibu kwa hasira, "Babu wa babu yangu alikimbia porini kwa sababu ya huyo shujaa wako." Darasa likagawanyika mafungu mawili. Hatukutoa hukumu siku ile. Tuliwaambia kwamba kwanza yatupasa kuyajua mambo, kisha ndipo tuhukumu. Nasi leo twataka kufanya vivyo hivyo.

Kwanza tuitazame nchi yenyewe. Msafiri apandaye gari la moshi Dodoma kwenda Tabora hupita Manyoni, kisha Itigi. Na akiisha kuiacha Itigi huona pori lililofumana, ambalo hata mbuzi hapenyi bila kuchubuka. Zamani za misafara njia ya kwenda Unyamwezi ilipita katika nyika hizi, na wapagazi waliziita Mgunda Mkali, maana yake shamba kali. Walikuwa na haki ya kuziita hivyo. Maji yalikuwa haba, vijiji vilikuwa mbali mbali, na mpagazi aliyeanguka kwa kiu aliachwa pale alipoanguka. Kusini na magharibi ya njia hiyo walikaa Wakimbu. Walilima kidogo, wakahamahama mashamba yao msituni, wakawinda, wakarina asali. Hawakuwa na mfalme mmoja. Walikuwa na watemi wengi wadogo, kila mmoja na msitu wake na watu wake wachache, na alama ya utemi ilikuwa kombe la baharini, kitu kilichotoka mbali sana na pori lile.

Katika maisha hayo ya kimya pembe za ndovu zikaleta fujo. Watu wa Ulaya na Marekani walizitaka kwa vinanda na kwa vitu vya anasa, na wafanya biashara wa Unguja walizifuata hata bara. Katikati ya karne ya kumi na tisa Waarabu walikuwa wamekwisha fanya makao yao Unyanyembe, karibu na mahali uliposimama mji wa Tabora. Mtemi wa huko, Mnywa Sele, alipotaka kuwatoza ushuru kwa mali yao, walikataa. Yapata mwaka 1860 walimwondoa kwa bunduki, wakamweka Mkasiwa, ambaye walimwona mpole kwao. Mnywa Sele akawa mkimbizi katika nchi ya baba zake. Alipigana nao porini miaka kadhaa, akauawa mwaka 1865.

Wasikilizaji, tafadhali liwekeni jambo hili akilini, maana ndilo mzizi wa mengi yaliyofuata. Wageni waliingia katika ugomvi wa nyumba isiyo yao, wakamvua mtemi mmoja na kumvika mwingine kwa faida ya biashara yao. Tangu siku ile watu wote wa bara waliona wazi kwamba kiti cha utemi sasa chaweza kununuliwa kwa baruti.

Nyungu alikuwa mtu wa ukoo wa watemi wa Unyanyembe. Aliyaona mambo hayo, akaondoka kwenda kutafuta nchi yake mwenyewe kwa nguvu za mikono yake. Jina lake maana yake ni chungu cha mawe, yaani chungu kisichovunjika. Husimuliwa kwamba alikuwa na jicho moja, na kwamba ukali wake uliogopwa na rafiki zake kama ulivyoogopwa na adui zake.

Askari wake waliitwa rugaruga. Walikuwa watu gani? Walikuwa watumwa waliotoroka, wapagazi waliokimbia misafara, mateka wa vita, na vijana ambao vijiji vyao vilikwisha kuchomwa. Biashara ya pembe na ya watumwa ilikuwa imewang'oa kwao kama mche ung'olewavyo, nao hawakuwa tena na mama wala baba ila mkuu wao wa vita. Wangoni waliopanda kutoka kusini walikuwa wamekwisha kuwafundisha watu wa nchi hizi vita vya namna mpya, na bunduki za gumegume zilipatikana kwa pembe. Husimuliwa kwamba Nyungu aliwaita askari wake magogo. Na vita ilipokuwa kali aliamuru magogo mengine yaongezwe motoni. Kwa neno hilo waweza kujua alivyowahesabu. Gogo haliulizwi kama lataka kuungua.

Yapata mwaka 1875 Nyungu alikuwa amekwisha kuitwaa Kiwele, akaifanya makao yake makuu. Kutoka hapo aliwashinda watemi wa Ukimbu mmoja mmoja. Hawakuweza kumzuia, kwa kuwa kila mmoja alingoja msituni mwake akitumaini kwamba moto wa jirani hautavuka mto. Rugaruga wake walifika pia katika njia ya Mgunda Mkali, wakaipiga misafara. Mwezi wa Desemba 1878 walimwua huko Chaya fundi mmoja Mwingereza wa misheni ya C.M.S., jina lake William Penrose, pamoja na watu wa msafara wake. Kifo cha Mzungu huyo kiliandikwa katika magazeti na vitabu vya Ulaya. Vifo vya wapagazi waliokuwa naye, na vya wanavijiji waliokufa kabla yao na baada yao, havikuandikwa majina. Ndiyo desturi ya vita: wakubwa hupata makaburi yenye maandishi, na wadogo hupata nyasi.

Basi, kama Nyungu angalikuwa mnyang'anyi tu, habari yake ingalikwisha hapa. Walakini hakuwa mnyang'anyi tu. Alipoishinda nchi hakuiacha majivu na kwenda zake. Aliwaweka watu wake mwenyewe, walioitwa watwale, kuwa wakubwa juu ya majimbo, kila mmoja akiangalia nchi za watemi kadhaa. Kazi yao kubwa ilikuwa kukusanya pembe za ndovu na kuzipeleka Kiwele. Watemi wa zamani hawakuuawa wote. Wengi waliachwa na matambiko yao, na heshima yao ya kale katika mambo ya mvua na ya mizimu. Lakini pembe, ambayo zamani ilikuwa haki ya mtemi, sasa ilikwenda kwa Nyungu. Mtwale alisimama kwa neno la Nyungu, na kwa neno la Nyungu aliweza kuanguka. Hivyo kwa mara ya kwanza karibu nchi yote ya Ukimbu ilisikia amri moja.

Hapa ndipo kijana wetu wa kwanza alipoona ushujaa, nasi hatuwezi kusema kwamba alidanganya. Kupanga majimbo, kuchagua wakubwa, kufanya watu wa misitu mingi wajibu mlango mmoja, ni kazi ya akili kubwa. Lakini mwenziwe naye alisema kweli. Amri ile moja ilikuwa amri ya hofu. Mkimbu hakuulizwa kama ataka kutawaliwa. Hakuwa na baraza la kumshitaki mtwale, wala njia ya kusema "pembe hii ni ya watu wangu." Alilokuwa nalo ni pori, na wengi walilikimbilia.

Sasa tufike mwezi wa Desemba 1884. Katika mwezi huo Mirambo wa Urambo alikufa, na Nyungu ya Mawe akafa. Watu wawili waliokuwa mikuki mikuu ya nchi za magharibi waliondoka duniani kwa mwezi mmoja. Na tazameni kilichokuwa kikitendeka mahali pengine siku zile zile. Kule Berlin, wajumbe wa mataifa makubwa walikuwa mezani tangu Novemba, wakitunga sheria za kuchukua nchi za Afrika. Huku Usagara na Uzigua, Carl Peters alikuwa amekwisha kuzunguka na karatasi zake za mikataba, akiwatia watemi alama za kalamu juu ya maneno wasiyoyajua. Tarehe 27 Februari 1885 Kaizari wa Wadachi alitoa hati ya kuzilinda nchi hizo. Mtu wa Kiwele aliyekuwa akimlilia Nyungu, au akimshukuru Mungu kwa kufa kwake, hakuwa na habari hata kidogo kwamba mkono mwingine ulikuwa ukinyoshwa kutoka ng'ambo ya bahari.

Dola ya Mirambo ilivunjika upesi baada ya kifo chake. Ya Nyungu haikuvunjika. Kiti chake kilishikwa na mwanamke wa ukoo wake, jina lake Mgalula, naye aliitawala nchi kwa watwale wale wale. Jambo hili latufundisha kwamba utaratibu una nguvu kuliko mkuki. Mirambo alikuwa mpiganaji mkubwa, lakini kamba iliyofunga dola yake ilikuwa yeye mwenyewe, na kamba ilipokatika mzigo ulitawanyika. Nyungu aliacha nyuma yake watu wenye kazi zinazojulikana.

Wadachi walipofika bara hawakuikuta nchi tupu. Walijenga boma Kilimatinde, katika nchi iliyo leo wilaya ya Manyoni. Tabora mtemi Isike alipigana nao, na Januari 1893 ngome yake ilitekwa, naye akafa. Wakubwa wa Kiwele hawakuchagua njia ya Isike. Walipatana na Wadachi bila vita. Lakini kupatana hakukuwaokoa. Yapata mwaka 1895 Wadachi waliivunja dola ya Nyungu, wakawafanya watemi wadogo kuwa wakubwa wa nchi zao tena, kila mmoja peke yake.

Mtu aweza kusema, "Basi Wakimbu walipata uhuru wao." Na tuangalie vema. Mtemi aliyerudishiwa kiti hakurudishiwa haki yake. Zamani aliitazama Kiwele. Sasa aliitazama boma. Mwaka 1897 Wadachi walitangaza kodi ya vibanda, na mwaka uliofuata ikaanza kutozwa nchini, rupia tatu kwa kibanda. Mtemi mmoja mdogo, asiye na mwenzi, angewezaje kukataa? Na rugaruga je, walikwisha? La. Wadachi waliwaandika rugaruga kuwasaidia askari wao katika vita vyao, hata katika vita vya Maji Maji na katika Vita Kuu iliyoanza mwaka 1914. Magogo ya Nyungu yalipata mwashaji mwingine. Wakatoka Wadachi, wakaja Waingereza, nao wakatawala kwa watemi hata uhuru wa mwaka 1961. Na mwaka 1963 sheria ikaondoa mamlaka ya utemi katika Tanganyika yote.

Tukiyaweka mambo haya pamoja twaona mnyororo. Waarabu wa Unyanyembe walimdhulumu Mnywa Sele. Nyungu, mtu wa nyumba iliyodhulumiwa, hakuja kuwaondolea watu dhuluma. Alijifunza namna yake, akaitenda kwa Wakimbu ambao hawakuwa wamemkosea neno. Kisha Wadachi wakaja wakaikuta nchi imekwisha kuzoezwa kutii bunduki. Utawala wa hofu ni kama shoka lenye mpini mzuri: alitengenezaye hudhani kwamba ni lake milele, lakini siku ajapo mwenye nguvu kumpita hulitwaa kwa mpini ule ule. Wakimbu hawakupewa nafasi ya kuipenda dola yao, kwa hiyo ilipovunjwa hapakuwa na mtu wa kuifia.

Basi tuwajibu nini wale vijana wawili? Tuliwaambia hivi: Nyungu alikuwa mjenzi mwenye akili, naye alijenga kwa mifupa ya watu. Asiyekubali neno la kwanza hataelewa kwa nini dola yake ilidumu baada yake. Asiyekubali neno la pili hataelewa kwa nini iliangushwa bila hata mshale mmoja. Kijana wa kwanza aliinama kidogo, akauliza, "Mwalimu, kama watemi wangaliungana kwa hiari yao kabla ya Nyungu kuja, ingalikuwaje?" Hatukuwa na jibu la kitabu. Lakini twadhani swali lile ni zuri kuliko majibu yetu yote, nasi twaliacha mikononi mwenu, hasa ninyi wanafunzi mtakaokuwa wakubwa wa vijiji na wa nchi.

Na ninyi wazee mnaotusikiliza Manyoni, Itigi, na upande wa pili huko Sikonge na Chunya: mkiyajua mambo haya kwa masimulizi ya babu zenu, waiteni wajukuu mkawaambie. Waambieni habari za mkuu na za magogo, za aliyekaa kitini na za aliyelala porini na mtoto mgongoni. Kwaherini.