Gurnah na Deni la Njia ya Misafara
Ntalikwa na Tabora zimo katika nchi iliyopitiwa na misafara ya pembe na watumwa ya karne ya 19, kati ya Bagamoyo na Ujiji. Historia tuliyofundishwa shuleni hutuonyesha minyororo na mijeledi. Abdulrazak Gurnah, aliyezaliwa Zanzibar mwaka 1948 na kuhamia Uingereza akiwa kijana, alitazama kwingine: deni.

Alianza mwaka 1987 kwa riwaya za zama zetu. Ya nne, Paradise (1994), ilirudi nyuma hadi mkesha wa Vita Kuu ya Kwanza. Yusuf, mtoto wa miaka 12, anatolewa na babake kwa tajiri Aziz awe rehani. Anamwita ami; Khalil, rehani mwenzake, humkumbusha kwamba huyo si ami yake. Hakuna mnyororo, na ndiyo maana kutoka ni kugumu. Hapo, kwa maoni yangu, anawazidi wanahistoria wengi. Ila Wanyamwezi, waliofika pwani kabla ya wafanyabiashara wa pwani kufika Unyanyembe, sioni wakipewa haki yao.

Mwishoni Yusuf anakimbilia msafara wa askari wa Wajerumani. Mwaka 2020, katika Afterlives, Gurnah alimfuata askari kama hao hadi vitani. Nobeli ikaja 2021, na tafsiri ya Kiswahili ya Paradise, Peponi ya Ida Hadjivayanis, ikatoka 2022: miaka 28 baadaye, kwa lugha iliyosemwa katika misafara yenyewe. Ni maktaba ngapi za shule mkoani Tabora zinacho? Swali hilo naliacha mezani kwa wenye bajeti.