Kesi ya Ilchamus na uzito wa kura Bonde la Ufa

Mnamo Desemba 18, 2006, Mahakama Kuu ya Kenya ilitoa uamuzi katika kesi iliyowasilishwa mwaka wa 2004 na jamii ya Ilchamus, wakazi wa kusini mwa Ziwa Baringo ambao zamani waliitwa Wanjemps. Walalamishi walieleza kwamba kwa muda wa miaka 40 hakuna mtu wa jamii yao aliyewahi kuchaguliwa kuwa mbunge wa Baringo ya Kati, kiti alichokishikilia Daniel arap Moi hadi 2002. Wapiga kura wengi wa eneo hilo walikuwa Watugen, na Ilchamus hawangeweza kuwashinda kwa wingi wa kura.

Kesi za namna hii kwa kawaida hudai usawa wa hesabu. Mwaka wa 1964, Mahakama ya Juu ya Marekani iliagiza kwamba maeneo ya uwakilishi katika jimbo la Alabama yakaribiane kwa idadi ya watu. Ilchamus waliomba kinyume chake: eneo bunge lao wenyewe, hata kama wakazi wake ni wachache.

Majaji Joseph Nyamu, Roselyn Wendoh na Mathew Emukule walikubali kwamba Ilchamus ni jamii ndogo yenye utambulisho wake, na kwamba ina haki ya kuwakilishwa, hata kupitia viti 12 vya wabunge wa kuteuliwa. Hata hivyo, mahakama haikuchora mipaka. Iliiagiza Tume ya Uchaguzi izingatie, itakapopitia mipaka, masharti yote ya kifungu cha 42 cha Katiba ya wakati huo, ambacho kilitaka idadi zilingane kadiri iwezekanavyo lakini kikaruhusu tofauti kwa ajili ya maslahi ya jamii, jiografia na njia za mawasiliano.

Katiba ya 2010 iliongeza maeneo bunge kutoka 210 hadi 290 na kuweka kikomo cha tofauti: asilimia 40 juu au chini ya wastani kwa miji mikuu na sehemu zenye watu wachache, na asilimia 30 kwingineko. Katika mipaka ya 2012, Baringo Kusini ilizaliwa, Ilchamus ikiwa mojawapo ya wadi zake nne. Si eneo la jamii hiyo pekee, kwani inaishi humo pamoja na majirani wale wale.

Jirani yake Nakuru ilipanda kutoka viti sita hadi 11, lakini watu wake waliongezeka kwa kasi zaidi. Sensa ya 2019 ilihesabu watu 2,162,202 Nakuru, yaani takriban 196,500 kwa kila mbunge. Baringo, yenye viti sita, ilikuwa na 666,763, takriban 111,000 kwa kila mbunge, huku wastani wa taifa ukiwa 164,000. Kwa hesabu hiyo, wakazi wanne wa Baringo wana uzito wa wakazi saba wa Nakuru. Aliye Naivasha au Gilgil ana sababu ya kuuliza, ingawa wa Tiaty naye atamjibu kwa kumwonyesha ukubwa wa nyika anayopaswa kuizunguka mbunge wake.

Katiba inataka mipaka ipitiwe kila baada ya miaka minane hadi 12. Muda huo ulikwisha Machi 2024 bila mapitio. Wakati huo Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka (IEBC) haikuwa na makamishna, na wapya waliapishwa Julai 2025.