Gluteni na Mkate wa Kumimina: Istilahi na Mipaka Yake

Gluteni ni jina la pamoja la protini za akiba zilizomo katika punje ya ngano na, katika matumizi ya kitabibu, protini za namna hiyo zilizomo katika shayiri na katika nafaka ya nchi za baridi iitwayo rai. Katika ngano protini hizo ni za makundi mawili: gliadini, inayoliwezesha donge kuvutika bila kukatika, na glutenini, inayolipa donge hilo ukakamavu na kulirudisha lilipokuwa. Makundi hayo yakipata maji na kukandwa hujifunga pamoja na kuwa mfano wa wavu mwembamba, na wavu huo ndio unaoizuia gesi inayotolewa na hamira isitoroke, hata andazi likaumuka, likavimba kaangoni na kubaki na uwazi ndani.

Neno lenyewe limetoka katika Kilatini, ambamo maana yake ni gundi, na aliyekuwa wa kwanza kueleza kitu hicho kwa maandishi ya kisayansi ni Jacopo Bartolomeo Beccari wa Bologna, Italia, ambaye maelezo yake yalichapishwa mwaka 1745. Njia yake inaweza kurudiwa katika jikoni lolote. Donge la unga wa ngano likishakandwa huwekwa ndani ya bakuli la maji na kuoshwa taratibu kwa vidole. Maji hugeuka meupe kama tui kwa sababu wanga unatoka, humwagwa na kubadilishwa mara kadhaa, na yanapoanza kubaki safi, mkononi husalia kifundo cha rangi ya kijivu kinachovutika kama mpira, nacho ndicho gluteni. Jaribio hilohilo likifanywa kwa unga wa mchele hakisalii kitu cha kushikika, kwa kuwa donge lote husambaratikia majini.

Kwa kuwa asili ya neno ni gundi, ingeweza kudhaniwa kwamba tafsiri bora ingekuwa kinata, au ulimbo wa ngano, kuliko neno la kukopa. Tafsiri hizo zina kasoro moja kubwa, nayo ni kwamba hutaja sifa badala ya kutaja kitu. Bada, yaani ugali wa unga wa muhogo, hunata vidoleni kuliko chapati yoyote, lakini kunata kwake kunatokana na wanga uliopikwa wala si protini. Na upo mchele wa Asia ya Kusini-Mashariki ambao kwa Kiingereza umepewa jina lenye shina hilihili la Kilatini kwa sababu ya kunata kwake, ingawa hauna gluteni hata chembe. Kwa hiyo umbo gluteni, lililoundwa kwa kanuni ileile iliyoleta insulini na vitamini, na linalofuata ngeli ya i-/zi-, ndilo linalofaa, maana halimpotoshi msomaji kwa kumkumbusha sifa ambayo vyakula vingi vingine vinayo.

Mpaka wa pili ni ule unaotenganisha gluteni na ngano. Mtu akiambiwa kwamba chakula hakina ngano hajaambiwa kwamba hakina gluteni, kwa kuwa huenda kina shayiri. Tena ngano yenyewe mara nyingi huingia mezani kwa majina mengine, kama vile tambi, suji na bokoboko, ambalo mlaji asiyelijua huweza kulidhania kuwa ni wali uliopondwa. Kinyume chake, mchele, mahindi, mtama, uwele, ulezi na muhogo havina gluteni kwa asili.

Tofauti hizi zina uzito kwa sababu ya seliaki, ugonjwa ambamo kinga ya mwili, ikichokozwa na gluteni, hushambulia utando wa utumbo mwembamba, hata mgonjwa akadhoofika ilhali anakula. Daktari wa watoto wa Uholanzi, Willem Karel Dicke, ndiye aliyeonyesha katika tasnifu yake ya mwaka 1950 kwamba ngano huwadhuru wagonjwa hao. Kiasi kidogo sana chaweza kuleta madhara, na ndiyo maana kanuni za kimataifa za vyakula, zijulikanazo kama Codex Alimentarius, zimeweka kikomo cha miligramu 20 za gluteni katika kilo 1 ya chakula kinachouzwa kwa sifa ya kutokuwa na gluteni.

Istilahi ya pili ambayo siku hizi huandamana na ile ya gluteni ni vegani, iliyobuniwa Uingereza mwaka 1944 kwa kuchukua mwanzo na mwisho wa neno la Kiingereza lenye maana ya mlamboga. Mlamboga huacha nyama na samaki lakini huenda akanywa maziwa. Vegani huacha kila kitokacho kwa mnyama, pamoja na mayai, samli na asali. Sifa hizi mbili, kutokuwa na gluteni na kumfaa vegani, hazitegemeani: halua iliyopikwa kwa wanga wa muhogo na samli haina gluteni lakini haimfai vegani, ilhali andazi lililokandwa kwa tui humfaa vegani na kumdhuru mwenye seliaki. Hapa Kiswahili kina faida yake, kwa kuwa tui ni neno linalojitegemea lisilohitaji kuazima jina la maziwa, na tafsiri mpya ya maziwa ya nazi huleta utata pasipokuwa na utata.

Mkate wa kumimina wa pwani ya Afrika Mashariki unaonyesha jinsi sifa zote mbili zinavyoweza kukutana katika sinia moja. Mchele hulowekwa, husagwa pamoja na tui zito na iliki, hutiwa sukari na hamira, na sehemu ndogo ya rojo huweza kupikwa kwanza ikawa uji, ambao uzito wake husaidia kuishika gesi kwa namna ambayo wavu wa gluteni ungeishika. Rojo likishaumuka humiminwa katika sufuria iliyopakwa mafuta, kisha hupaliwa moto juu na chini. Jina lenyewe linabeba maarifa: mkate wa ngano hukandwa, wa mchele humiminwa, kwa sababu kisicho na gluteni hakikandiki kwa urahisi, japokuwa si kila kimiminwacho ni salama, kwani chapati za maji nazo humiminwa. Wapishi wanaozoea kutia ute wa yai huweza kuuacha, au kuweka badala yake kijiko 1 cha mbegu za kitani zilizosagwa na kulowekwa katika vijiko 3 vya maji hadi zikawa na utelezi.

Hata hivyo lugha ya kukitambulisha chakula hicho inahitaji uangalifu. Mkate uliookwa bila gluteni ni kauli inayoeleza tendo la mpishi, kwamba hakutia; mkate usio na gluteni ni kauli inayoeleza mkate wenyewe, kwamba hamna. Kati ya kauli hizo mbili kuna kijiko cha unga wa ngano ambacho baadhi ya wapishi huongeza katika vitumbua ili vishikane, na kuna mafuta yaliyotumika kukaangia maandazi kabla ya kukaangiwa karanga za kashata. Katika shughuli ya ukoo, ambapo sikukuu ya Idi au harusi hukusanya vyakula vya majiko mengi, inafaa mkate wa mchele uokwe kabla mfuko wa ngano haujafunguliwa, kwa mwiko na chujio vyake, na ufunikwe kwenye sinia lake peke yake. Mpishi aliyefanya hivyo hana mizani ya kupima miligramu 20, lakini amekaribia haki ya kumwambia mgeni wake kwamba mkate huu hauna gluteni, badala ya kumwambia tu kwamba yeye hakuitia.