Ulimi Uliofungwa: Fiqhi Mbele ya Jeraha la Kichwa

Imamu al-Bukhari amepokea kutoka kwa Anas bin Malik (R.A.) habari ya msichana wa Madina aliyepondwa kichwa kwa jiwe na kunyang'anywa mapambo yake. Alifikishwa kwa Mtume (S.A.W.) akiwa katika pumzi za mwisho, hawezi kusema. Mtume akamuuliza: ni fulani? Akaashiria kwa kichwa kuwa siye. Akatajiwa mwingine, akakataa. Alipotajwa muuaji mwenyewe, akakubali. Mtu yule aliletwa, naye akakiri.

Al-Bukhari ameiweka hadithi hii pia katika Kitabu cha Talaka, mlango wa ishara. Maana yake ni nzito: kauli ilikuwa imeondoka, akili ilikuwa ipo.

Tofauti hiyo mafakihi waliihifadhi. Imamu an-Nawawi (aliyefariki 676 H/1277 M), katika Minhaj at-Talibin, ametaja diya ya akili peke yake na diya ya kusema peke yake. Majeruhi akipoteza baadhi ya herufi tu, diya hugawanywa kwa herufi 28 za Kiarabu; aliyepoteza herufi 7 hustahiki robo.

Matabibu wa Ulaya walilifikia jambo hili kwa njia yao. Mwaka 1861, mjini Paris, Paul Broca alimchunguza mgonjwa aliyeweza kutamka "tan" tu, ilhali alifahamu mengi aliyoambiwa. Alipofariki, ubongo wake ulionekana umeharibika upande wa kushoto, sehemu ya mbele. Mwaka 1874 Carl Wernicke alieleza wagonjwa wa namna nyingine: ulimi wao mwepesi, lakini maneno yamevurugika na ufahamu umepungua.

Ndugu msomaji, leo kiharusi huwaleta wagonjwa wa namna zote mbili mbele ya maimamu wetu, katika wasia na talaka. Jamaa husema, "Huyu hana akili tena," wakagawana mali yake angali hai. Hiyo ni dhulma. Na kwa upande wa pili, neno la talaka lililomponyoka mgonjwa wa namna ya pili lisipokelewe kabla ya kuchunguzwa kama alilifahamu na kulikusudia.

Tusitosheke na kutikisa kichwa mara moja, kwani mgonjwa huweza kusema ndiyo akikusudia siyo. Tumuulize kama alivyoulizwa msichana yule: kwanza lisilo kweli, kisha la kweli, na tabibu awepo.

Wallahu a'alam.